Miongo Thelathini na Sita, na Mwongo Mmoja

Binti yangu alipokuwa na miaka kumi na mmoja alikuwa na nchi yake. Wenzake walikusanya picha za wachezaji mpira. Yeye alikuwa na nchi nzima ndani ya daftari la kurasa tisini na sita, yenye mfalme, mawaziri wanne, kodi ya samaki, na mto uliopanda kutoka baharini kwenda mlimani. Huo mto hakuutoa mbali. Alikuwa akiishi Kipini na mama mkwe wangu, pale Tana inapoingia baharini, na bahari ikijaa, maji ya mto hurudi nyuma mbele ya macho yako. Wengine wanaona hilo kila siku na kwenda zao. Yeye aliona na kulifanyia nchi.

Kilichokosekana katika nchi ile kilikuwa tarehe.

Nalijua kwa sababu mafuriko yalinifungia Kipini siku kumi na mbili. Nilikwenda kuwapelekea unga na mafuta, nikidhani nitalala siku moja, maji yakakata barabara nyuma yangu. Mimi ni dalali wa ng'ombe Garsen. Nasimama kati ya mfugaji anayesema fahali wake hana mfano na mnunuzi anayesema fahali huyo ni mbuzi aliyevimba, mpaka wote wawili wachoke na wapatane. Mtu wa kazi hiyo ukimfungia siku kumi na mbili kwenye nyumba ya watu wawili wasiouza chochote, ataanza kujadiliana na ukuta. Siku ya pili nilikuwa nimeshahesabu boriti za dari. Kumi na tisa. Nikahesabu tena, bado kumi na tisa.

Siku ya tatu binti akaja na daftari.

"Baba, mfalme hawezi kutawazwa."

"Kwa nini? Kofia imembana?"

"Hana siku. Nikiandika ametawazwa tarehe fulani, itakuwa tarehe ya nani?"

"Weka Januari."

Akanitazama kama ninavyomtazama mtu aliyekuja mnadani kununua ng'ombe na kamba ya mbuzi mkononi. "Januari ni ya huku."

"Basi hesabu kwa mwezi wa mbinguni."

"Kule hakuna mwezi. Mfalme wa zamani aliuuza."

"Aliuuza kwa nani?"

"Hatujui."

"Dalali alikuwa nani?"

"Baba!"

Mama mkwe alikuwa ameketi mlangoni akishona kofia ya vito, ile ya vitundu vinavyochorwa kwa penseli na kuzungushiwa uzi, uso karibu unagusa kitambaa. Mtoto ndiye aliyekuwa akimtungia uzi. Kwa ajili hiyo hasa alikuwa akiishi huko: kutunga uzi, kusoma majina ya dawa, kumshika mkono kwenye ngazi. Macho ya yule mama yalikuwa yameingia ukungu, la kushoto zaidi kuliko la kulia. Mwenyewe alisema "mato," kama wasemavyo watu wa kwao, na aliyasema kama anayezungumzia watoto wawili wakaidi.

"Kama hawana mwezi," akasema bila kuinua uso, "na wahesabu kwa miongo."

Akatueleza. Wazee wa pwani walikuwa na mwaka wa jua, hauna habari na mwezi. Waliuhesabu kumi kumi tangu siku ya mwaka mpya. Kila siku kumi ni mwongo mmoja. Mtu akiuliza mvua iko wapi, au pepo zitageuka lini, anaambiwa mwongo wa ngapi.

Binti alianguka kwa kicheko. "Mwongo? Kama mwongo anayesema uongo?"

"Neno ni hilo hilo."

"Sasa mtu atajuaje ni siku kumi au ni mtu muongo?"

"Wakiwa wengi utajua. Siku huwa miongo, watu huwa waongo." Akakata uzi kwa meno. "Akiwa mmoja tu, hapo ndipo kazi ilipo."

Tukacheka wote watatu. Mimi nilicheka kuliko wote.

Tukaijenga kalenda kwa kunde. Nilizihesabu juu ya mkeka, kumi kumi, mafungu thelathini na sita. Mara ya kwanza nilipata mia tatu hamsini na tisa. Mara ya pili tukakuta kunde moja ilikuwa imeganda kwenye kisigino changu. Mia tatu na sitini kamili. Na mwaka una siku mia tatu sitini na tano. Zilibaki kunde tano pembeni, hazina fungu.

"Hizi ni nyongeza," nikasema. Sokoni, ukishanunua, muuzaji hukutupia kidogo juu ya kipimo ili urudi kesho. Mungu naye, nikawaambia, alitupima mwaka wa siku mia tatu na sitini akatutupia tano juu. Mama mkwe alisema nisimfanye Mungu mchuuzi, lakini jina likabaki: siku za nyongeza. Tukagawana. Moja ya Bibi, moja ya Baba, moja ya mwenye nchi, moja ya mama yake, yaani mke wangu, ambaye alikuwa Hola akipika kwenye hoteli ya watu wa ofisini. Ya tano haikupata mtu. Binti akaiandika hivyo hivyo: *Siku ya tano ya nyongeza, haina mwenyewe.*

Miongo aliipa majina peke yake. Mwongo wa Viboko Kurudi. Mwongo wa Matope Laini. Mwongo wa Embe Mbichi. Mwongo wa Mbu. Mwongo wa Mbu Tena. Mwongo wa Bibi Kukasirika, ambao bibi aliupinga kwa hasira, na hilo likawa ushahidi. Siku ndani ya mwongo aliziita kwa namba, mosi mpaka kumi, kila namba mara moja. Nilimsifu kwa hilo, kwa maana wiki yetu sisi hainipi raha. Unaanza vizuri: Jumamosi ya kwanza, Jumapili ya pili, mpaka Jumatano ya tano. Halafu Alhamisi, nayo kwa Kiarabu ni ya tano. Tano mbili, sita hakuna, ghafla uko Ijumaa. Mtu akiniletea ng'ombe saba kwa hesabu hiyo namrudishia na fimbo zake.

Kilichotugombanisha kilikuwa siku huanza saa ngapi.

Mimi nilisema saa sita ya usiku, kama simu. Mama mkwe akaweka sindano chini, jambo alilofanya mara chache.

"Saa sita ya usiku watu wamelala. Nani aianzayo siku amelala? Siku huanza jua likizama. Usiku ndio utanguliao, mchana wafuata. Usiku wa Ijumaa ni upi?"

"Ni Ijumaa, mama, baada ya chakula cha jioni."

"Mwaona! Huo ni usiku wa Jumamosi. Usiku wa Ijumaa ni ule Alhamisi ikishazama." Akamgeukia mjukuu. "Ndiyo maana watu wa kwa kina babako wakialikwa khitma hufika sufuria zishaoshwa."

Kwa watu wa Kipini sisi wa Garsen ni watu wa bara, ijapokuwa mto ni ule ule na matope ni yale yale. Nilibishana. Nilibishana muda mrefu kuliko ilivyostahili, kwa sababu mvua ilikuwa inanyesha na sikuwa na fahali wa kubishania. Mwisho mwenye nchi akakata shauri: bibi ameshinda. Na aliyeshindwa, akasema, ndiye atakayeiandika sheria, ili asije akasema hakuelewa.

Nikaiandika. Mwandiko wangu ni wa dalali, herufi zimelala kama ng'ombe waliotembea kutoka Bangale. Ukurasa wa kwanza: *Sheria ya Kwanza. Siku huanza jua likizama. Usiku hutangulia mchana wake.* Akanitaka niweke sahihi. Nikaweka.

Maji yalipopungua nikarudi Garsen.

Haukupita mwongo wa tatu, nikihesabu kwa kalenda yao, mke wangu akapiga simu kutoka Hola. Madaktari wa macho walikuwa wanakuja kufanya kambi ya siku mbili, Jumatano na Alhamisi, bila malipo. Jumatano wanakagua na kuandika majina. Alhamisi wanafanya upasuaji kwa walioandikwa Jumatano. Asiyeandikwa Jumatano, basi. Alinirudia maneno hayo mara tatu, maana ananijua.

Nikapanga na rafiki anipe gari lake la Probox. Nikampigia mama mkwe. Akauliza kama kweli ukungu hutolewa. Nikamwambia hutolewa kama utando kwenye maziwa. Akasema kofia aliyonayo amefika nusu, na nusu nyingine hadhani ataimaliza kwa mato haya. Akasema pia, kwa sauti ya chini, kama jambo la aibu, kwamba uso wa mjukuu wake sasa anaujua kwa sauti tu.

"Ndoo utuchukue usiku wa Jumatano," akasema, maana kwao njoo ni "ndoo." "Ulale hapa, tutoke alfajiri."

"Nitakuja, mama."

"Usiku wa Jumatano."

"Nimesikia."

Nilisikia, na nilielewa. Hapa nataka niwe wazi, kwa sababu baadaye sikuwa wazi kwa mtu yeyote. Usiku wa Jumatano, kwake, ulikuwa Jumanne magharibi. Nilijua hivyo kama ninavyojua fahali mwenye pumu kwa kusikia kikohozi kimoja. Nilikuwa nimelibishania jambo hilo siku nzima, nikashindwa, nikaliandika, nikatia sahihi.

Jumanne alasiri wakafika wachungaji wa Kiorma na fahali saba. Walikuwa wametembea nao siku nyingi, na fahali walikuwa wazuri, kitu ambacho sisemi kwa urahisi. Mnunuzi wangu wa Malindi alikuwa njiani, lori lake liondoke Jumatano mchana. Dalali mwingine alikuwa ameshaanza kuwazunguka wale wachungaji na birika la chai. Nikiondoka, fahali ni wake.

Nikajiambia nitamaliza kabla ya magharibi. Biashara ile hufanywa kwa vidole: unashikana mkono na mwenye mali chini ya shuka, unambana vidole, na bei hiyo mtu mwingine haioni. Mzee wa wale wachungaji alikuwa na vidole vigumu na hakuwa na haraka.

"Wewe una safari," akaniambia. "Vidole vyako vinakimbia."

"Sina safari, abba. Niko hapa."

Adhana ya magharibi ikatoka. Simu ikalia mfukoni. Ikalia mpaka ikakata, ikalia tena. Mara mbili, nilihesabu. Mkono wangu wa kulia ulikuwa chini ya shuka. Wa kushoto ulikuwa huru. Hilo pia nimelihesabu mara mbili, na kila mara linatoka vile vile: mkono mmoja ulikuwa huru.

Asubuhi binti akapiga. Nilikuwa kwenye lori, fahali wa tano anapanda.

"Baba, uko wapi? Tulikungoja."

Sikuwa nimepanga uongo. Watu hudhani uongo hupangwa. Huu ulikuja umeshavaa nguo.

"Mliningoja jana? Si mmesema usiku wa Jumatano? Leo ndiyo Jumatano, binti yangu. Nakuja jioni."

Kisha nikasikia sauti ya bibi yake nyuma: "Asemaje?" Na mtoto, polepole: "Asema usiku wa Jumatano ni leo."

"Lo!" Simu ikachukuliwa. "Mwanangu, ni mimi. Ni mimi mjinga. Nimekwambia kwa hesabu zetu, nikasahau za kwenu. Sasa itakuwaje? Gari la alfajiri lishakwenda zake."

"Nakuja, mama. Labda kesho watatuandika."

"Usijilaumu," akasema. "Kosa ni langu."

Fahali wa sita akapanda. Wa saba alikataa, tukamsukuma watu wanne.

Nilifika Kipini jioni ile. Alikuwa ameketi kwenye kigoda ndani ya mlango, buibui amelivaa, bahasha ya hospitali mapajani, kikapu cha safari kando. Sikuuliza alikuwa amekaa hivyo tangu saa ngapi. Nilipomwamkia "Shikamoo, mama," akaitika marahaba akanyoosha mkono kutafuta wangu, na akaukosa kwa shubiri nzima, akaupata mara ya pili.

Alhamisi tulifika Hola mapema. Mke wangu alikuwa anatungoja getini, na alinitazama tu. Chini ya turubai kulikuwa na watu kwenye foleni, kila mmoja na kipande cha plasta juu ya paji la uso kimeandikwa namba. Nesi alikuwa mpole. Alimkagua hata hivyo, kwa kurunzi, akasema ni mtoto wa jicho, macho yote mawili, la kushoto limekomaa. Lakini majina yalifungwa jana na vifaa vimehesabiwa kwa majina. "Mama, tutarudi," akasema. Mama mkwe akamshukuru kwa adabu zote, akaomba radhi kwa kumpotezea wakati. Akamweleza habari ya usiku wa Jumatano, na kwamba mkwewe ni mtu wa bara na hana kosa. Nesi akacheka. Hata watu wa foleni wakacheka, wale wenye namba usoni.

Basi ikawa kichekesho cha ukoo. Kwenye harusi ya kwanza iliyofuata, shemeji zangu waliniita "Bwana Usiku wa Nyuma". Mmoja aliniambia, "Shemeji, sahani yako tumeiweka, utakuja kuila kesho!" Nikacheka. Nilicheka vizuri, kwa kipimo, kama ninavyofanya kazini. Na mama mkwe, kila kichekesho kilipotajwa, alinitetea. Sijawahi kutetewa hivyo maishani, na sijawahi kutamani kutukanwa kama siku zile.

Kofia iliwekwa kwenye kopo la biskuti, nusu imeshonwa, nusu vitundu vya penseli. Likizo iliyofuata nilimkuta amejifunza kumenya viazi kwa vidole tu. Jicho la kulia, alilokuwa akilitegemea, nalo lilikuwa linazimika. Alitania kwamba sasa yeye ndiye raia wa kwanza wa nchi isiyo na mwezi.

Jioni hiyo binti alikuwa msalani au kwa jirani, sikumbuki, na daftari lilikuwa juu ya mkeka. Nikalifungua. Nilitaka kuona mfalme ametawazwa siku gani. Ukurasa wa kwanza ukanisimamisha. Sheria yangu ilikuwa imekatwa mstari mmoja kwa rula, mwandiko wangu na sahihi yangu vikionekana chini yake vizuri kabisa. Juu, kwa herufi zake zilizosimama wima, aliandika:

*Sheria ya Kwanza (imebadilishwa). Siku huanza alfajiri, ili baba asipotee.*

Nilisoma mara mbili. Kisha nikasoma kama mtu anayemkagua ng'ombe meno. Kama aliniamini, basi mtoto alikuwa amevunja msingi wa nchi yake, akamnyang'anya bibi yake ushindi, kwa ajili ya uongo wangu. Kama hakuniamini, basi hiyo ilikuwa barua. Sikujua ni ipi, na sikuwa na uso wa kumuuliza. Alipoingia nilikuwa nimelifunga. Akaniangalia, akaangalia daftari, akaenda kumtilia bibi yake maji ya kutawadha.

Nililiacha hivyo. Nilirudi Kipini mara nne zaidi, mara nne nikaliacha hivyo. Ningeweza kusema nilikuwa nangoja wakati mzuri, lakini mimi ndiye ninayewaambia watu mnadani kwamba wakati mzuri ni jina la bei ambayo hutaki kutoa.

Madaktari walirudi. Kutoka ile Jumatano mpaka kurudi kwao nimehesabu kwa kalenda ya binti yangu, kwa kuwa hakuna nyingine inayonifaa: miongo ishirini na mmoja na siku sita. Safari hii kambi ilianza Jumanne. Nilifika Kipini Jumapili, jua halijazama bado.

"Baba," binti akasema mlangoni. Alikuwa amerefuka, amefika begani kwangu. "Umekuja mapema siku nzima."

"Nimekuja usiku wa Jumatatu, nilale, nilale tena usiku wa Jumanne."

"Usiku wa Jumatatu ni leo?"

"Ni leo. Jua likizama."

Akanipisha mlangoni. Nikaketi kwenye mkeka, nikamwambia alete daftari. Akalileta. Nikafungua ukurasa wa kwanza, nikaweka kidole kwenye mstari wa rula.

"Nataka uirudishe sheria."

"Sheria hairudishwi kwa mdomo, baba. Andika."

"Niandike nini?"

"Unajua wewe."

Akanipa kalamu akaketi mbele yangu, magoti yamekunjwa, kama mzee wa fahali saba, hana haraka. Nimejadiliana na watu wakali katika maisha yangu. Hakuna aliyeniacha bila nafasi ya kushuka hata kidole kimoja, ila huyu. Nikaandika: *Sheria ya Kwanza imerudi. Siku huanza jua likizama.* Nikamtazama. Alikuwa bado anangoja. Nikaongeza: *Baba alijua. Simu ilipolia alikuwa Garsen na ng'ombe, akaisikia.* Nikaweka sahihi.

"Ulijua tangu lini?" nikamuuliza.

"Mimi ndiye niliyebaki na daftari, baba."

Jua likazama, wakaswali. Baada ya isha walikuwa na desturi: mtoto humsomea bibi yake yaliyotokea katika nchi siku hiyo, yaliyoandikwa mapya. Sikulifikiria hilo nilipoandika. Nilidhani nimeandika kwenye karatasi. Kumbe katika nyumba ile, kwa sababu ya macho yale, kila kilichoandikwa kilisomwa kwa sauti.

Akasoma. Hakupunguza sauti wala hakuongeza. Alisoma "Baba alijua" kama alivyosoma kodi ya samaki.

Mama mkwe alikuwa na tasbihi mkononi. Ikasimama.

"Walikuwa wangapi hao ng'ombe?"

"Saba, mama."

"Uliwahesabu mara mbili?"

"Mara mbili."

Akatikisa kichwa taratibu. "Mimi nilihesabu magari. Usiku ule yalipita manne. Kila moja nalisimama nikashika kikapu." Tasbihi ikaanza tena kutembea. "La nne lilikuwa la samaki. Nilijua kwa harufu. Nalisimama hata hivyo."

Nikamwambia nisamehe, mama. Nilisema vibaya, maneno yamelala kama mwandiko wangu. Akaniambia amesamehe, na akasema nile, wali unapoa. Yote mawili kwa sauti moja.

Jumanne tulikuwa Hola kabla ya turubai kufungwa kamba. Akabandikwa namba sita. Jicho la kulia lilifanyiwa upasuaji siku ya pili, ukafanikiwa. La kushoto daktari alisema lilikuwa limekaa mno. Angeweza kulijaribu, ila asingeahidi kitu. Hakuuliza lilikaa miongo mingapi. Bandeji ilipotolewa, mama mkwe alimtazama mjukuu wake muda mrefu, akamshika kidevu akamgeuza huku na huku, akasema, "Kumbe una pua ya babako. Pole." Mke wangu akacheka mpaka akalia. Mimi aliniangalia pia, kwa jicho moja, na mimi ndiye niliyeangalia chini.

Ile kofia ameimaliza. Nusu ya kwanza na nusu ya pili hazifanani, hata mimi nisiyejua sindano naona mahali mkono ulipopumzika miongo ishirini na zaidi. Binti yuko sekondari sasa, na nchi yake ina madaftari matano. Siku ya tano ya nyongeza, ile isiyo na mwenyewe, amenipa mimi. Yaani nina mbili, wenzangu moja moja. Nilimuuliza ni ya nini. Akasema ni ya kusema yaliyobaki. Nikamwambia hayajabaki. Akasema, "Mwaka ni mrefu, baba."

Hayo yote nayaweza. Nisiloliweza ni moja dogo, na hakuna mtu wa kumlalamikia. Mama mkwe akitaka nije, hasemi tena "usiku wa Ijumaa." Kwa binti yake husema, kwa wajukuu, kwa jirani muuza mahamri. Kwangu mimi anabadilisha ulimi. Juzi alipiga mwenyewe, siku hizi anaziona namba.

"Mwanangu, ndoo Alhamisi. Alhamisi jioni. Yaani usiku wa kuamkia Ijumaa."

Ananisemesha kama mtangazaji wa redio, kila kitu kimefungwa pande zote, pasibaki upenyo wa mtu kupita. Ni adabu tu. Hana kinyongo, naamini hivyo. Anachofanya ni kunisaidia nisipotee.

"Nitakuja, mama," nikasema. "Usiku wa Ijumaa."

"Alhamisi jioni," akasema.

Nimeanza kuhesabu. Mwongo huu ni wa kumi na nne tangu nianze. Siku atakayosahau, akaniambia usiku wa siku fulani bila kuifunga, nitakuwa nimerudi katika nyumba ile. Alhamisi nilifika saa tisa mchana, jua bado kali, nikakaa kwenye kigoda ndani ya mlango, nikahesabu magari.